Joka la Uchina na Mgomba wa Ponsiano

Wewe unayekunja pua, ati watu wazima wenye ndevu zao hawawezi kukaa kutwa nzima wakibishana juu ya joka la Uchina, ulikuwa wapi mwaka ule? Hukuwapo. Mwingereza alikuwa bado yupo, na wewe hata mama yako alikuwa hajavunja ungo. Hukuiona Kilombero ilivyovimba mpaka pantoni ikafungwa minyororo, wa ng'ambo wakabaki ng'ambo na wa huku wakabaki huku na mizigo yao vichwani. Hukuliona gari la sinema lilivyotandika shuka uwanja wa mpira wa Ifakara, na Uchina ya kale ikatembea juu ya shuka lile, yote imechorwa kwa mkono. Basi nyamaza. Sikiliza kwanza, ndipo ubishe, kama utabaki na la kubisha.

Kijiwe chenyewe kilikuwa benchi moja refu la mninga, mbele ya nyumba ya Domitila, pale njia ya kivukoni inapoachana na njia ya Lipangalala. Domitila alikuwa mjane, Mkatoliki wa rozari shingoni, lakini kahawa aliijulia Kilosa, marehemu mumewe alipokuwa kibarua wa reli. Alirudi nayo Ifakara: birika la shaba, vikombe vidogo visivyo na mkono, na tangawizi ya kuponda. Wanaume wa mtaa walianza kwa kuicheka kahawa ya mama wa Kikristo, wakaishia hawabanduki. Mwaka ule mvua ilipolifukuza benchi kutoka nje, walilibeba wakaliingiza sebuleni, wakalikalia humo humo, na nyumba nzima ikanuka makoti mabichi na moshi.

Walikuwa watatu. Hilari aliitwa Bama, kwa kuwa alikwenda vita ya Wajapani huko Bama. Alikwenda kwa mwiko, maana alikuwa mpishi, lakini hilo hakulitaja. Fridolin aliitwa Gazeti. Alikuwa na gazeti moja tu, limechakaa mpaka linakatika kwenye mikunjo, na alilisoma kila siku kana kwamba limefika asubuhi ile. Wa tatu alikuwa Kelestini, mvuvi, kijana kuliko wenzake. Huyu aliitwa Kambare, kwa sababu ukimbana na swali anateleza mkononi.

Na alikuwapo wa nne ambaye hakuwapo. Ponsiano, mwana pekee wa Domitila, rafiki wa Kelestini tangu wanachunga bata. Mto ulipoanza kupanda alikwenda kutoa nyavu zake huko juu, nyuma ya mashamba ya Katindiuka, kwenye mkono mmoja wa mto alikojenga kibanda chake cha uvuvi. Hakurudi. Mtumbwi wake ulionekana umenasa kwenye waya wa pantoni, mtupu. Wanaume wakachukua taa na kamba wakatoka, Kelestini mbele. Walirudi na tope hadi magotini, wakamwambia mama mtu: tumemtafuta, hayupo, mto umemchukua. Domitila akasema ahsanteni, akawapa kahawa.

Sasa, watu wa bonde hawamwachi mtu wao majini hivi hivi. Asipoonekana, hukatwa mgomba wa urefu wake, ukaoshwa, ukavishwa sanda, ukazikwa na kuliliwa kama mtu. Kabla haujashushwa, yule aliyeongoza kutafuta husimama ukingoni mwa kaburi akataja mahali pote alipotafuta, ili ardhi isije ikasema imedanganywa. Baada ya hapo mke hunyolewa, tanga likaondoka, watu wakarudi mashambani. Padri mambo ya mgomba hakuyapenda, ila katekista alisema atasoma sala huku akitazama upande mwingine. Kila kitu kilikuwa tayari isipokuwa neno la mama, na bila neno la mama mgomba haukatwi.

Domitila alikuwa halitoi. Siku zilipita, Serafina mke wa Ponsiano amelala chumba cha ndani juu ya mkeka, nywele zimemsimama, haendi kisimani wala hapiki, hajui kama yeye ni mke wa mtu au mjane. Hatimaye wakubwa wa ukoo wakatuma kusema kuwa jioni hii, mvua inyeshe isinyeshe, watakuja kulichukua hilo neno. Ndiyo au hapana.

Na kilichomzuia Domitila ni ile sinema. Alikwenda kuitazama kama wengine, kabla maji hayajapanda, yeye kwenye kigoda na Ponsiano amechuchumaa kando yake. Ilikuwa hivi. Kulikuwa na joka la mto huko Uchina, zamani za wafalme wao, refu kama njia ya Mahenge, lina masharubu ya kambare na pembe za kongoni. Joka likapoteza lulu yake ndani ya tope. Likawa linawachukua wavuvi, siyo kuwala, bali kuwaweka chini walitafutie hiyo lulu. Likamchukua baba wa watoto wawili, msichana na mdogo wake. Watoto wakaokota kijoka, kichanga cha joka, mabawa yake hayajakomaa, kikijaribu kutema moto kinakohoa moshi. Hapo Ponsiano alicheka mpaka akapaliwa. Wakakipanda, wakazama nacho hadi chini kabisa, kwenye mlango mkubwa wa shaba. Na nyuma ya mlango, kwenye upenyo, baba yao akaonekana. Hai. Ameinama na taa mkononi, anachekecha tope kama mwanamke anayechekecha unga. Msichana akanyoosha mkono agonge, na hapo hapo mkanda ukakatika.

Shuka likabaki jeupe. Mkalimani akasema kwenye kipaza sauti kwamba kipande kilichobaki wataleta safari nyingine. Mvua zikaja, barabara ikakatika, safari nyingine haikuonekana, na hapakuwa na mtu Ifakara nzima aliyejua kama ule mlango ulifunguka.

Domitila hakuwa mjinga, usije ukafikiri hivyo. Kwa miaka alikuwa amewamiminia kahawa waongo wale, na alijua uongo wa kila mmoja unaanzia wapi na utaishia wapi. Lakini tangu mtumbwi ule unase kwenye waya, alianza kuwasikiliza. Na alikuwa na desturi mpya ambayo wao waliigundua upesi bila kuambizana: kikombe cha kwanza, kile kizito chenye tangawizi chini, alimpa yule aliyesema neno zuri kuliko wote.

Siku ile ya ukoo kuja, aliyewahi kuanza ni Gazeti.

— Mlango ulifunguka, — akasema, akilikunjua gazeti lake magotini. — Akili haikubali kwamba haukufunguka. Serikali haiwezi kuleta gari, na mafuta, na mkalimani aliyevaa viatu, ije itutazamishe mlango usiofunguka.

— Serikali hiyo hiyo ilituchimbia kisima kisicho na maji, — Bama akasema.

— Kisima ni kingine.

— Ni kingine kwa sababu wewe hukukichimba. Mimi mgongo huu ndio uliokichimba.

Bama akajinyoosha, akavuta koti lake la jeshi. Wenzake wakajua Uchina inakuja. Akasema yeye Wachina amewaona, amelala nao mahali pamoja, amekula nao wali wao usio na chumvi. Kule Bama palikuwa na mzee wa Kichina, mchunga nyumbu, ana ndevu tatu tu na amezipa majina. Mzee huyo alimweleza mambo yote ya majoka. Joka la maji halili mtu, kwa kuwa mtu ana chumvi mwilini na chumvi inalikata utumbo. Likimchukua humtunza. Na anayetunzwa kule chini hazeeki, hata ndevu hazimkui, mto ukishuka analetwa ukingoni usiku, na nguo zake ni kavu.

— Mliongea lugha gani? — Gazeti akauliza.

— Lugha ya vita.

— Hiyo ikoje?

— Uliogopa kwenda, kwa hiyo hutaijua.

Domitila akamimina. Kikombe cha kwanza kikaenda kwa Bama, kwa ajili ya zile nguo kavu. Gazeti akakitazama kikipita mbele ya pua yake, na uso wake ukawa kama wa mtu aliyenyimwa urithi. Akatafuta miwani, akaivaa, akasema kwamba mzee wa nyumbu na ndevu zake tatu ni maneno ya njiani tu, mambo ya hakika yako kwingine. Mito yote ya dunia ina mama mmoja chini ya ardhi. Joka la Uchina, mabomu ya Wajapani yalipolichosha, liliingia chini, likawa linatafuta mto wenye tope laini, likapita huko na huko, mpaka likaibukia Kilombero. Ushahidi? Maji ya mwaka huu ni mekundu. Na udongo wa Uchina ni wa rangi gani?

— Rangi gani? — Kelestini akauliza kwa kutaka kujua.

— Ndiyo hiyo hiyo. Ndiyo maana wahenga wakasema, maji yakimwagika hayazoleki. Huwezi kuyazoa kwa sababu yameshakwenda chini, na huko yalikokwenda ni Uchina.

— Wahenga walisema Uchina?

— Walisema nusu. Nusu waliniachia mimi.

Bama akataka aonyeshwe habari hiyo ndani ya gazeti. Gazeti akamjibu kwamba habari ndogo ndizo zinazoandikwa, za ng'ombe waliopotea na mashindano ya baiskeli, kubwa hunong'onwa. Kisha akashusha sauti, akasema: hivi mlijiuliza kwa nini picha ile imechorwa? Kwa nini isipigwe na mashine kama picha nyingine? Mashine waliipeleka. Iliyeyuka. Wazungu wakaona hakuna njia, wakamfunga mchoraji kamba kiunoni, wakamshusha na makaratasi yake hadi pale mlangoni, akachora alichokiona, kidogo kidogo, huku joka linakoroma.

Domitila alikuwa amesimama na birika. Hakuwa na kawaida ya kuingilia.

— Huyo mchoraji alirudi?

Gazeti hakuwa amefika huko. Lakini aliangalia birika, akafika.

— Alirudi, Mama Ponsiano. Asingerudi tungeionaje picha?

Akapewa chake. Domitila alirudi jikoni kuongeza kuni, na lile neno likabaki kifuani mwake linampa joto, kama vile hakulijua lilikotoka. Alirudi. Akaupuliza moto kwa muda mrefu kuliko ulivyohitaji. Nyuma ya pazia la chumba Serafina alikohoa, akasema kwa sauti iliyokauka:

— Mama, jioni wakija utawaambia nini?

— Wakija wataambiwa.

— Mimi kichwa kinaniwasha, mama. Nimechoka kulala.

Domitila akalipa pazia mgongo. Alikuwa akimpenda mkwewe kwa kiasi chake, lakini siku zile hakupenda kumtazama. Mtu mwenye nywele zile alikuwa anamdai jibu hata akiwa amefumba macho. Akabeba birika akarudi sebuleni, kwenye maneno matamu.

Huko walikuwa wamefika mbali. Bama alikuwa anasema joka la Kilombero lazima ni jike, kwa maana dume lisingeweza kukaa mahali pamoja na viboko wenye kelele kiasi hiki. Gazeti alikuwa anasema kama ni jike basi lina watoto, na kama lina watoto basi wale wavuvi wa chini si watumwa tena, ni walezi, na mlezi hulishwa vizuri. Wakabishana chakula chenyewe ni nini. Gazeti alisema ni perege. Bama alisema joka la heshima haliwezi kumlisha mvuvi perege, itakuwa ni dharau. Mvua ilikuwa inapiga bati la jirani, na katika nyasi za paa la Domitila palikuwa panavuja juu ya kona ya benchi, kwa hiyo walikuwa wamesogeleana kama kuku.

Kelestini ndiye aliyekuwa bado hajatoa lake. Siku nyingine alikuwa wa kwanza kwa mizaha. Siku ile alishika kofia yake anaizungusha mkononi. Kisha, bila kuulizwa, akasema:

— Mimi nimemsikia.

Wenzake wakamgeukia.

— Nimemsikia Ponsi. Juzi. Nilikwenda kivukoni kutazama maji, nikalala kifudifudi kwenye gogo, nikatia sikio. Chini kule mtu anapiga mluzi.

— Maji yana sauti nyingi, — Bama akasema taratibu.

— Mluzi wake. Ule unaokatika katikati halafu unapanda.

Birika likagonga kikombe. Ule mluzi Domitila aliujua. Alikuwa ameugombeza tangu mtoto ana meno ya utoto, kwamba anayepiga mluzi ndani ya nyumba anaita nyoka, na Ponsiano akawa anaenda kuumalizia nje ya mlango ili tu mama yake asikie amemtii nusu. Hakuna mtu mwingine bondeni aliyepiga hivyo. Akakaa. Domitila hakuwahi kuketi kwenye benchi lile tangu liingie ndani, lakini alikaa, na birika lenye moto mapajani.

Kelestini alipoona mama ameketi, akashindwa kuishia hapo. Akaendelea, na kadiri alivyoendelea ndivyo macho yake yalivyozidi kukimbilia mlangoni. Joka limempenda Ponsi, akasema. Limemfanya mkubwa wa wenziwe. Anapiga mluzi kuwaongoza, hawa wachekeche huku, hawa kule. Lulu ikipatikana wataachiwa wote, na haitakuwa mbali, wakati wa kuvuna mpunga hivi. Kisha akageuka akamtazama Domitila kwa mara ya kwanza siku ile.

— Ila usikubali mgomba, mama. Ukizika mgomba, joka litaona watu wake huku juu wameshamkata. Halitamrudisha. Jioni waambie hapana.

Gazeti akatikisa kichwa kukubali. Bama alikuwa ameshindwa, na alijua. Kikombe kikajazwa hadi ukingoni, Domitila akampelekea Kelestini kwa mikono miwili. Kwa Domitila jambo lilikuwa limekwisha. Wakubwa wangekuja, angewapa viti, angewaambia hapana, mwanangu yuko hai, anapiga mluzi. Wangemwona mwendawazimu na wangeondoka. Serafina angelala na nywele zake hadi mavuno. Alikuwa ameshaona yote, na hayakumtisha.

Ndipo hodi ikabishwa. Alikuwa mwanamke wa makamo, kapu la vyungu kichwani, kanga imemganda mwilini kwa mvua. Alisema anaitwa Tekla, kwao ng'ambo, alikuja kuuza vyungu kabla maji hayajajaa, sasa pantoni haivuki na mahali alipokuwa amejibanza pamebomoka. Akaomba ajisitiri kidogo.

— Shikamoo mama, — akamwambia Domitila, akapiga goti pamoja na kapu lake.

— Marahaba. Tua mzigo. Upo moto jikoni na kahawa ipo.

Wanaume walifurahi sana. Kubishana watu wale wale kunachosha, na sikio jipya ni kama nyama. Kabla Tekla hajakamua kanga yake walikuwa wameshamtolea joka lote, kichwa, pembe na mkia: Bama na mzee wa nyumbu, Gazeti na mito yenye mama mmoja, mchoraji mwenye kamba, baba aliye nyuma ya mlango. Wakamweleza na habari ya mwenye nyumba, mwanawe aliyechukuliwa na mto, na ukoo unaokuja jioni. Kelestini peke yake hakuchangia. Tekla alisikiliza huku akipasha viganja kwenye kikombe, na hakucheka mahali walipotegemea acheke.

— Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, — Gazeti akamaliza. — Na ugonjwa wetu ni huu. Wewe waonaje, mlango ulifunguka au haukufunguka?

— Mimi sinema siijui, — Tekla akasema. Akanywa funda. — Huyo kaka aliyepotea, mlimtafuta mpaka wapi?

Lilikuwa swali la kawaida tu. Huko kwao, kama huku, ndilo watu huuliza wakiingia penye msiba wa maji, baada ya pole. Hakuliuliza kwa ubaya.

Bama akamtazama Gazeti. Gazeti akaliinamia gazeti lake, akalipindua, akaanza kusoma upande wa nyuma. Tone la maji likaanguka kwenye kona ya benchi, na lingine.

— Tulimtafuta, — Kelestini akasema.

— Sikatai, mdogo wangu. Nauliza mpaka wapi.

Domitila aliliweka birika chini. Lilikuwa limemchoma paja na hakuwa amehisi.

— Kelestini.

— Naam, mama.

— Umeulizwa na mgeni.

— Maji yalikuwa makubwa, mama.

— Hukuulizwa maji.

Kofia ikazunguka mkononi mwake, ikasimama.

— Tulifika kivukoni.

— Kivukoni ndiko mtumbwi ulikoletwa na maji. Kila mtu alifika kivukoni, hata mbuzi walifika. Kule juu alikokuwa na kibanda?

— Tulimwita.

— Mkiwa wapi?

— Kivukoni.

Kutoka kivukoni hadi kile kibanda ni asubuhi nzima ya kutembea kwa mtu mwenye miguu mizuri. Hata bunduki haisikiki. Domitila alimgeukia Bama, naye Bama, askari wa Mfalme, akasema kwa sauti ndogo kwamba yeye alidhani kundi la wavuvi limepanda juu, kwa hiyo akabaki kushika taa. Gazeti alidhani Bama amepanda. Na wavuvi? Wavuvi walikuwa wametoka kuiona sinema ile hivi karibuni, na ukingo ulikuwa na giza, na mmoja wao akasema wale wanaomfuata aliyechukuliwa ndio wanaofuatia kuchukuliwa. Wakakaa chini ya kibanda cha pantoni hadi mvua ilipopungua. Kisha wakajipaka tope na kurudi.

— Tope mlijipaka? — Domitila akauliza.

Kelestini akaitazama miguu yake.

— Na mluzi?

Akatikisa kichwa, hakuwa ameusikia. Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyafuta.

— Kwa hiyo wewe mgomba unaukataa kwa ajili yako, siyo kwa ajili ya mwanangu. Maana ungesimamishwa pale kaburini utaje. Ungetaja nini?

— Mama, niliogopa. Mimi na Ponsi ni kama ndugu. Mama, niliogopa tu.

Domitila hakumpigia kelele. Alikuwa anawaza jambo lingine, na lilikuwa baya kuliko Kelestini. Nyuma ya Katindiuka, kando ya kile kibanda, kuna miti. Mtu aliyepokonywa mtumbwi na maji anaweza kupanda mti. Anaweza kukaa juu yake leo, na kesho, na kesho kutwa, akitega sikio kwa watu wa kwao, akipiga mluzi ili wamjue alipo. Na watu wa kwao walikuwa hapa, kwenye nyumba ya mama yake, wanabishana joka lile ni jike au dume, na mama yake anawapa tangawizi.

Gazeti, mtu asiyevumilia kimya, alisogeza kikombe chake.

— Mama Ponsiano, tuongeze kidogo. Tukae tulifikirie jambo hili vizuri.

Domitila akalichukua birika akaenda nalo jikoni. Walisikia kahawa ikimwagwa juu ya makaa ya moto, ikachemka kwa hasira, na moshi wenye harufu ya tangawizi ukaingia sebuleni.

— Imekwisha, — akasema kutoka huko.

Kisha akalivuta pazia la chumba.

— Serafina. Inuka.

— Wamefika?

— Hawajafika. Inuka, jifunge vizuri, chukua panga. Tunakwenda Katindiuka.

— Kufanya nini, mama?

— Kumtafuta mumeo. Hajatafutwa.

Hapakuwa na kilio. Serafina alitoka akiyumba kama mtu aliyeugua, akashika ukuta, akapata miguu yake. Tekla alimtazama, akaangalia vyungu vyake, akavisukuma kwa mguu hadi chini ya benchi la wanaume, akajifunga kanga yake kiunoni. Hakuna aliyemwomba.

Kelestini alisimama.

— Mama, nitaleta mtumbwi. Nitapiga kasia mimi, nitafika mpaka juu, haki ya Mungu.

— Kaa chini.

— Mama.

— Kaa, Kambare. Ukoo unakuja jioni na nyumba haiwezi kukosa watu. Nyinyi mtawapokea. Mtawapa benchi hili wakae, na mtawaambia mlifika wapi, kila mmoja kwa mdomo wake. Na neno langu muwape ni hili: mgomba nitauzika nikirudi bila yeye. Lakini kaburini nitasimama mimi nitaje mahali, na kila mahali nitakapopataja nitakuwa nimepakanyaga.

Bama akavua koti lake la jeshi, akamnyooshea. Domitila alilitazama lile koti, akalipita akatwaa gunia lililokuwa sakafuni, akalikunja pembe, akajifunika kichwani. Serafina na Tekla walikuwa wameshashuka barazani. Njia yote ya Katindiuka ilikuwa maji, na mbingu juu yake haikuonyesha mahali pa kuishia.

Alikanyaga nje, akautafuta mlango kwa mkono wa nyuma, akauvuta, akaufunga, na wanaume wakiwa ndani.